Nusu na Thuluthi

Mwambie mwanafunzi ajumlishe nusu na thuluthi, na mara nyingi atakuandikia 2/5. Amejumlisha moja na moja juu, mbili na tatu chini, akaweka kalamu. Mwalimu hutia alama nyekundu ya kosa, kisha humpa kanuni: zidisha kwa mshazari, jumlisha, halafu zidisha namba za chini. Mtoto huikariri, hupata 5/6, na wote wawili huridhika. Mimi nasema kuwa hapo hapana aliyefundisha wala aliyefundishwa.

Litazameni lile jibu la kwanza. 2/5 ni pungufu ya nusu. Mtoto alikuwa na nusu mkononi, akaongezewa thuluthi, akabaki na kidogo kuliko alichokuwa nacho! Mchuuzi wa maziwa angalimtendea hivyo sokoni, angalipiga kelele mtaa mzima usikie. Katika daftari haoni ajabu, kwa sababu hajapata kuonyeshwa ya kuwa alama zile zasimama badala ya vitu.

Ubaya huanza katika kutaja. Twamzoeza kusoma "moja juu ya mbili", "moja juu ya tatu", kana kwamba ni namba mbili zilizobebana. Namba ya chini, ambayo vitabu huiita asili, ni jina la kipande. Ya juu ndiyo inayohesabu vipande. Hata neno la Kizungu la asili hiyo latoka katika Kilatini, na maana yake ni mtoa jina. Nasi tuna majina yetu, tuliyoyapata zamani kutoka Kiarabu: nusu, thuluthi, robo, humusi, sudusi, subui, thumni, tusui, ushuri. Ni nani, akisema kwa lugha hii, atakayethubutu kutamka kwamba thuluthi moja na robo moja ni subui mbili? Ulimi wenyewe ungemkataza. Lakini katika shule zetu majina hayo yameachwa yaote kutu.

Waliopima nafaka kwa pishi walilijua jambo hili bila ubao wala chaki. Pishi moja ni vibaba vinne. Ukitaka nusu pishi na robo pishi, utapimiwa vibaba viwili, kisha kimoja, jumla vitatu. Vipande viwili vya majina mbalimbali vimegeuzwa kuwa vya jina moja, ndipo vikahesabiwa. Kwa nusu na thuluthi kibaba hakifai, maana thuluthi ya pishi haitimizi vibaba kamili. Yatakiwa kipimo kinachoingia sawasawa katika zote mbili, nacho ni sudusi. Nusu ni sudusi tatu, thuluthi ni sudusi mbili. Jumla ni sudusi tano.

Wala mtoto wa 2/5 si mjinga. Akijibu vema swali moja kati ya mawili katika karatasi moja, na moja kati ya matatu katika nyingine, kweli amejibu mawili kati ya matano. Hapo kila sehemu ilikatwa katika kitu chake. Nusu na thuluthi za pishi hukatwa katika pishi ile ile. Tofauti hiyo yastahili kipindi kizima, nayo haipewi hata dakika.

Wenzangu watajibu kuwa mtihani una saa, na mshazari ni njia ya mkato. Ni kweli kwa sehemu mbili. Basi na tuchukue nne. Mtu amekufa, ameacha mke, mabinti wawili, baba na mama. Katika mirathi ya Kiislamu, inayoamuliwa hapa Kenya na Mahakama za Kadhi, mke ana thumni, mabinti thuluthi mbili, baba sudusi na mama sudusi. Mwenye kuzidisha asili zote atafika 864. Mwenye kutafuta kigawe kidogo cha shirika atatulia kwenye 24, na mafungu yatakuwa 3, 16, 4 na 4. Jumla yake ni 27: mafungu yamezidi mali! Wanavyuoni wa Kisunni huigawa mali hiyo kwa 27 badala ya 24, kila mrithi akabaki na hesabu ya mafungu yake. Hupokewa kwamba Ali bin Abi Talib aliulizwa haya akiwa juu ya mimbari, akajibu kuwa thumni ya mke imekuwa tusui. Ndiyo maana suala hili likaitwa la mimbari.

Mali ikiwa shilingi 216,000, mjane aliyeambiwa kuwa haki yake ni thumni atangojea 27,000, naye atapewa 24,000. Je, ameibiwa? Asiyejua kujumlisha atawalaani wakwe zake bure. Na siku atakapopewa 20,000 atapokea na kushukuru. Mwalimu anayetosheka na kanuni ya mshazari na aketi na mjane huyo, amweleze zile 3,000 zimekwenda wapi.