JIKONI KWETU: Spageti ya baridi na mboga mbichi



Mwezi uliopita nilikuwa Gitega siku mbili, semina ya walimu wa kujitolea. Saa sita wakatupatia sahani ya spageti baridi na karoti, tango na avoka. Mwenzangu akauliza kama jiko limezimika! Kumbe Wajapani ndivyo wanakula wakati wa joto: wanachemsha tambi zao, soba au somen, wanazisuuza kwa maji baridi, wanachovya kwenye mchuzi wa soya. Mimi nimejaribu hapa Muyinga bila soya.

Faida ni kuni. Maharage yanataka masaa mawili, matatu motoni. Spageti dakika kumi tu. Mama anayetoka alfajiri kutafuta kuni anaijua hesabu hiyo kunishinda mimi mwalimu.

Lakini kwanza maji. Maji machafu yanaleta kipindupindu. Januari 2023 kilitangazwa Bujumbura, na sisi huku kambini tunaishi tumebanana. Basi jioni, moto wa maharage ukibaki, chemsha maji yatokote vizuri, yamimine kwenye bidoni safi, funika, yalale. Asubuhi ni baridi. Hayo ndiyo ya kuoshea mboga na kusuuza spageti. Yale yaliyokaa wazi kwenye beseni, hapana kabisa. Karoti na tango menya.

Sasa pika pakiti ya gramu 500 kwa maji mengi na chumvi. Ukichanganya na mboga, watu sita wanakula. Ikiiva, mwaga maji ya moto, mimina ya baridi, sugua kwa mikono safi mpaka ule utelezi utoke. Mimi mara ya kwanza nilifanya haraka hapo, ikashikamana yote, wadogo zangu wakaiita bugali ya spageti. Tulikula hivyo hivyo.

Mchuzi: ndimu mbili, kijiko cha sukari, chumvi, na karanga za kukaanga ulizotwanga, vijiko viwili. Lainisha kwa maji kidogo ya ile bidoni. Kabichi ikate nyembamba kama nyuzi. Avoka iwe ya mwisho, isije ikawa nyeusi.

Muile saa hiyo hiyo. Frigo hatuna, kwa hiyo usiilaze. Ikizidi, mpe jirani leo leo. Mama jirani yangu alikataa mara mbili, eti chakula baridi ni cha nani? Mara ya tatu alikuja na sahani yake mwenyewe.