"Usiulize, Amini Tu" Ilikuwa Shutuma

Nilikuwa na miaka 13, darasa la kipaimara, nilipouliza kwa nini Mathayo anataja malaika mmoja kaburini na Luka anataja watu wawili. Mwalimu alifunga Biblia yake. "Usiulize, amini tu." Wenzangu walicheka, nami sikunyoosha mkono tena mwaka ule mzima. Kauli ile bado naisikia mimbarini, tena kwa fahari, kana kwamba hicho ndicho kilele cha imani.

Wanaoitamka wangejua ilikotoka wangeona haya. Katika karne ya 2, mwanafalsafa mpagani, Celsus, aliandika kitabu cha kuwashambulia Wakristo. Shutuma yake mojawapo ilikuwa kwamba baadhi yao hawataki kutoa hoja wala kusikiliza hoja; humwambia mtu asichunguze, aamini tu. Aliisema ili kuwadhalilisha. Sisi tumeiokota tukaifanya sifa.

Karibu mwaka 248, Origene, mzaliwa wa Aleksandria kule Misri, alimjibu kwa vitabu vinane. Alikiri kwamba wengi huamini bila kuchunguza, maana mihangaiko ya maisha haiwapi nafasi. Hakuwadharau. Lakini alishikilia kwamba kuipokea imani kwa hoja na hekima ni bora zaidi. Akayanukuu maneno ya mpinzani wake kipande baada ya kipande, akiyajibu moja moja. Kitabu cha Celsus kimepotea. Mengi tunayoyajua kukihusu tumeyapata kwa Origene. Mkristo ndiye aliyetutunzia mashtaka dhidi ya Ukristo, kwa sababu hakuyaogopa.

Nitaambiwa: Je, Tomaso hakukemewa? Someni sura ya 20 ya Yohana hadi mwisho. Yesu hakumfukuza, alimwonyesha majeraha. Kweli, aliwaita heri walioamini bila kuona. Ila mara tu baada ya hapo mwandishi anaeleza kwamba ameziandika ishara hizo ili msomaji apate kuamini. Asiyeona amepewa ushahidi. Na Petro, katika waraka wake wa kwanza, anawataka waumini wawe tayari kumjibu kila anayewauliza sababu ya tumaini lao. Neno la Kigiriki alilotumia, apologia, ni la mahakamani: utetezi wa mshtakiwa. Hakuna anayejitetea kwa kumzuia hakimu asiulize.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba mapadri na wachungaji wengi wamesoma haya chuoni. Wamebishana juu ya Injili nne, wamefanya mitihani. Kisha wanarudi parokiani na usharikani, na ule utajiri wote unabaki kabatini, kana kwamba mkulima au mama muuza samaki hawezi kuubeba.

Mwaka 2023, katika msitu wa Shakahola huko Kilifi, ilifukuliwa miili zaidi ya 400, mingi ikiwa ya waumini waliokufa kwa njaa kwa kumtii mhubiri wao. Sisemi kila aliyenyamazishwa kipaimara ataishia msituni. Nasema muumini aliyezoezwa tangu utotoni kwamba swali ni dhambi, siku akifika mhubiri wa kumwambia afunge hadi afe, atamuuliza kwa mdomo upi?

Na lile swali langu la malaika lilikuwa na majibu. Wapo wanaosema kumtaja mmoja si kumkana wa pili. Wapo wanaosema kila mwinjili alipanga habari zake kwa kusudi lake. Yote mawili yangeelezwa kwa dakika tano, na kipindi kilikuwa cha saa nzima.