Nani Ashike Daftari?

Mkazi wa Moi's Bridge akipigwa na askari usiku, kukicha ana mzunguko mrefu mbele yake. Ili jeraha lake litambuliwe mahakamani anahitaji fomu ya P3. Ili apate P3 anatakiwa awe na nambari ya OB, yaani daftari la matukio la polisi, na OB inaandikwa kwenye kaunta ya kituo kilekile, pengine na mwenzake yule aliyempiga. Akiambiwa arudi kesho, uvimbe unanywea. Akirudi wiki ijayo, daktari anakuta kovu. Toleo hili tumelitenga kwa suala la nani awachunguze polisi wanaposhukiwa, na msimamo wetu tunautoa mapema: uchunguzi wa haki hupatikana au hupotea katika saa za kwanza, kutegemea ni nani aliyeshika ushahidi.

Watu wa huku kwetu, Kitale hadi Bungoma, hawahitaji kufundishwa hilo. Machi 2008 serikali ilianzisha Operesheni Okoa Maisha katika Mlima Elgon dhidi ya SLDF, kundi lililokuwa likiua wanakijiji na kuwakata masikio. Wanajeshi na polisi walizoa wanaume kwa maelfu. Wengi walipitishwa kambi ya Kapkota, na waliotoka walisimulia mateso. Wengine hawakuonekana tena. Serikali ilikana. Hapakuwa na chombo huru chenye uwezo wa kuingia Kapkota siku zile na kuhesabu waliomo. Shirika la Independent Medico-Legal Unit lilifika hadi Mahakama ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, Arusha, mwaka 2010. Machi 2012 kitengo cha rufaa kiliitupa kesi, na sababu haikuwa kwamba mateso hayakutendeka. Mkataba wa Jumuiya unatoa miezi 2 tu ya kufungua kesi, na miezi hiyo ilikuwa imepita. Mama anayezunguka mochari na magereza akimtafuta mwanawe, wakili wa kwenda Arusha angempata lini?

IPOA, mamlaka huru ya kusimamia polisi, ilizaliwa kutokana na machungu ya mwaka huohuo wa 2008. Tume ya Waki, iliyochunguza ghasia za baada ya uchaguzi wa 2007, ilikuta kwamba kati ya watu 1,133 waliouawa, 405 walikufa kwa risasi, ikapendekeza raia wawe na jicho juu ya polisi. Sheria ikapitishwa 2011. Leo mtu wa Moi's Bridge anaweza kupeleka malalamiko moja kwa moja IPOA bila kumpitia mkuu wa kituo, na polisi wanalazimika kuiarifu IPOA mtu akifia mikononi mwao. Hayo ni maendeleo makubwa, na tunayatetea.

Faida yake ilionekana Juni 2025. Mwalimu Albert Ojwang alikamatwa Homa Bay, akasafirishwa hadi Nairobi, akafia katika kituo cha Central. Polisi walisema aligonga kichwa ukutani. Wataalamu waliopasua mwili walikuta majeraha ya kichwa na dalili za kukabwa shingo, mambo ambayo mtu hawezi kujifanyia. IPOA nayo ikaeleza kwamba kamera za kituo zilichezewa. Bila mwili kuwahiwa, habari ya ukuta ndiyo ingeandikwa, na familia ingezika kwa maelezo hayo.

Lakini si kila marehemu ana jina linalojaza magazeti. Risasi inayotolewa mwilini mwa kijana wa bodaboda hupelekwa maabara ya DCI, idara ya upelelezi, yaani kwa polisi wenyewe. Sheria ya kuanzisha idara ya kuchunguza vifo vya utata ilipitishwa 2017, na miaka ikapita bila idara hiyo kuanza kazi.

Kuna maafisa wanaotuambia kwamba raia hajui kukabiliana na jambazi mwenye bunduki saa nane za usiku. Ni kweli, hajui. Ndiyo maana afisa aliyefyatua risasi kihalali anahitaji kusafishwa na mtu wa nje. Akisafishwa na bosi wake, hakuna atakayeamini sokoni.

Kwa hiyo tunadai hivi. Anayemlalamikia askari apewe P3 hospitalini, bila kurudi kwenye kaunta ya mshukiwa. IPOA iwe na wataalamu wake wa risasi. Na mtu akipigwa risasi na polisi, daftari la silaha na OB vitoke kituoni siku hiyohiyo, kabla afisa yeyote hajapata nafasi ya kuongeza mstari.