Diwani si Mgeni wa Mkurugenzi

Mwaka 1972, kwa Mpango wa Madaraka Mikoani, halmashauri za wilaya zilivunjwa. Kilosa, kama wilaya nyingine, ikawekwa mikononi mwa maofisa wa Serikali Kuu. Nia ilikuwa njema: kumsogeza mtaalamu karibu na mkulima. Mtaalamu akasogea kweli, lakini alikuja na madaraka yote mfukoni mwake. Halmashauri ziliporejea mwaka 1984, chini ya Sheria Namba 7 ya 1982, Mwalimu Nyerere mwenyewe alikiri kwamba kuziondoa lilikuwa kosa.

Je, somo hilo tumelishika? Kwa mujibu wa sheria, diwani huchaguliwa na wananchi wa kata yake. Madiwani humchagua mwenyekiti miongoni mwao, hupitisha bajeti na kutunga sheria ndogo. Mkurugenzi huteuliwa, naye ndiye katibu wa baraza. Kwa hiyo mwenye nyumba anajulikana. Lakini diwani anayekabidhiwa kabrasha nene usiku wa kuamkia kikao, limejaa takwimu zisizo na maelezo, atafanya nini ila kunyoosha mkono? Huo si utawala wa wananchi, bali ni muhuri tu.

Kilosa haiwezi kumudu baraza la namna hiyo. Desemba 2000, zaidi ya watu 30 waliuawa Rudewa Mbuyuni katika ugomvi wa wakulima na wafugaji. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 imeipa halmashauri ya kijiji wajibu wa kusimamia ardhi kwa idhini ya mkutano mkuu wa kijiji. Mpango wa matumizi ya ardhi uliochorwa ofisini, bila mkulima na mfugaji kusikilizwa, ni karatasi tu. Hauzuii fimbo wala panga.

Mikumi nako kuna fundisho lake. Hifadhi ya Taifa, iliyoanzishwa mwaka 1964, haiko chini ya halmashauri. Tembo akiingia shambani, hata hivyo, mwananchi humwendea diwani wake. Diwani huyo hana amri juu ya hifadhi; ana sauti tu. Sauti hiyo itasikika endapo mtumishi wa kata ameandika hasara kwa ukweli, tarehe kwa tarehe na shamba kwa shamba.

Hapa ndipo wajibu wa mtumishi na mwalimu ulipo. Mtumishi na atoe taarifa mapema, kwa Kiswahili chepesi, aeleze fedha zimetoka wapi na zimekwenda wapi. Mwalimu, ambaye kijijini ndiye msomaji wa kutegemewa, na awasaidie wananchi kusoma mapato na matumizi yaliyobandikwa ubaoni, na kama hayakubandikwa, awasaidie kuuliza kwa nini.

Elimu tuliyopewa kwa jasho la wakulima si kibali cha kuwatawala wale waliowachagua. Ni deni, na hulipwa kwa kuwapa maarifa ya kutuhoji.