Freda Glynn alianza na redio

Mwaka 1955 Australia ilitoa filamu ya Jedda, ya kwanza nchini humo kuwapa Waaborijini nafasi za wahusika wakuu. Binti aliyeigiza Jedda alichukuliwa kutoka bweni la kanisa mjini Alice Springs. Aliitwa Rosalie Kunoth, lakini watengenezaji wakambandika jina la Ngarla. Wengi wetu leo tungeitazama filamu ile tukaridhika: wenyeji wameonekana.

Mimi siridhiki, na sababu yangu ni Freda Glynn. Mama huyu wa Kikaytetye alizaliwa mwaka 1939, akalelewa Bungalow, mahali serikali ilipowakusanya watoto machotara. Baadaye alipata kazi kwenye studio ya picha hapohapo Alice Springs. Mwaka 1980, pamoja na John Macumba na Phillip Batty, alianzisha CAAMA, chombo cha habari cha Waaborijini. Walianza na redio na kanda za kaseti katika lugha za jangwani. Setilaiti ya kuleta televisheni jangwani ilipokaribia, wazee wakahofia kwamba televisheni ya Kiingereza ingemeza lugha za watoto wao. CAAMA wakaomba leseni ya televisheni wenyewe, wakashindana na wafanyabiashara, wakaipata. Mwaka 1988 kituo chao cha televisheni, Imparja, kikaanza kurusha matangazo, mwenyekiti akiwa Freda.

Filamu zilifuata baadaye. Rachel Perkins, aliyetuletea mfululizo wa First Australians, alijifunzia kazi CAAMA. Mwanawe Freda, Warwick Thornton, naye alishikia kamera hapo, na mwaka 2009 filamu yake Samson and Delilah ilipata tuzo ya Camera d'Or kule Cannes. Humo bibi yake Delilah anafariki, na binti anachukua kisu akazikata nywele zake, fungu kwa fungu. Hakuna sauti inayomfafanulia mgeni. Wa kwao wanajua ni msiba. Wengine wavumilie wajifunze. Ujasiri wa kumwacha mtazamaji wa Cannes bila maelezo huupati kwenye semina ya siku tatu. Unakuzwa na miaka ya kutengeneza vipindi kwa ajili ya jirani yako.

Kwa Wahadzabe wa Tanzania nimeona kinyume chake: nimefanya ukalimani kwa wapiga picha wa kigeni kule Eyasi. Waliwaomba vijana wa Kihadzabe wavue fulana kabla ya kurekodiwa, na wale vijana wakavua, kwa sababu malipo yalikuwa mkononi mwa mwenye kamera. Hata kamera ile ingeshikwa na Mhadzabe, picha bado zingekwenda kukatwa na kuunganishwa ng'ambo, kwa matakwa ya mnunuzi.

Ndiyo maana nasema wafadhili wanaopanga filamu nyingine kuhusu Wahadzabe waisitishe kwanza. Waulize bei ya mtambo mdogo wa redio, gharama za leseni, na mishahara ya mafundi wawili wa Kihadzabe kwa miaka mitano. Kisha walipe, na wasichague vipindi.