Kasoro za Mchezo na Haki ya Kunakili

Kauli kwamba kunakili ni kuiba imerudiwa mno hata ikawa kama kanuni ya imani. Wanaoirudia ni nadra kuutaja mchezo wa kompyuta uitwao Doom.

Tarehe 10 Desemba 1993, kampuni ya Marekani, id Software, iliweka sehemu ya kwanza ya mchezo huo kwenye seva ya Chuo Kikuu cha Wisconsin na kumruhusu kila mtu ainakili na kumpa mwenzake bure. Sehemu zilizosalia ziliuzwa. Waliokuwa wakiungoja walikuwa wengi kiasi cha kuuelemea mtandao wa chuo.

Mchezo huo ulikuwa na kasoro. Aliyekimbia mbele na kando kwa wakati mmoja alikwenda kasi kuliko aliyekimbia mbele tu, kwa kuwa programu ilijumlisha mienendo hiyo miwili bila kuiwekea kikomo. Wachezaji waliipokea kasoro hiyo kama neema, wakaifanya sanaa ya kushindania muda. Tena walidaiana ushahidi. Doom huweza kuhifadhi amri za mchezaji, mara 35 kwa sekunde, katika faili ndogo iliyopita bila taabu hata katika intaneti ya kukokota ya enzi zile. Aliyeipokea aliirudisha mbio ile ile kwenye kompyuta yake, akajionea mwenyewe. (Laiti tafiti zetu vyuoni zingekaguliwa hivyo!)

Desemba 1997 kampuni ikatoa hadharani msimbo wa programu. Ndiyo maana Doom unachezwa hadi leo katika mashine ambazo hazikuwapo ulipoundwa.

Iliyofungiwa ina hali gani? Utafiti wa Video Game History Foundation, uliotolewa mwaka 2023, ulionesha kuwa asilimia 87 ya michezo ya zamani iliyotolewa Marekani haipatikani tena sokoni. Oktoba 2024, Ofisi ya Hakimiliki ya nchi hiyo ilipinga ombi la kuziruhusu maktaba ziwafungulie watafiti michezo ya aina hiyo kupitia mtandao. Miongoni mwa hoja zilizozingatiwa ni hofu kwamba watu wangeitumia kujiburudisha, na soko likadhurika. Kwa hiyo mtafiti afunge safari hadi maktaba, akatazame bidhaa ambayo mwenyewe haiuzi. Soko gani hilo linalolindwa, ilhali duka limefungwa?