HUKUMU YA NYUMA YA MGONGO SI MWISHO WA KESI

Ndugu wafanyakazi,

Kila alfajiri watu wa Kibera hufuata njia ya reli kwa miguu kwenda Industrial Area, na watu wa Kawangware huvuka kwenda kwenye mijengo ya Lavington na Kilimani. Wengi hurudi jioni wazima. Baadhi hurudi mkono umefungwa bandeji. Na katika hao wako waliodai fidia yao wakaambiwa: "Kesi yako imetupwa. Siku ile hukuwapo."

Hukuwapo! Mtu alikuwa amelazwa hospitali. Au wakili alipata tarehe asimwambie. Au habari ilitumwa kwa simu iliyokwisha kuuzwa ili kulipa kodi ya chumba. Mashine ilikata kidole kweli, lakini hakuna aliyeuliza habari ya kidole. Iliulizwa habari ya kiti kitupu.

Sasa tazameni upande wa pili. Tajiri asipofika mahakamani akahukumiwa kulipa, je, hulala? Hapana. Siku dalali anapobisha mlangoni, wakili wake na wakili wa bima hukimbilia kuomba hukumu ifutwe. Husema karani alisahau, husema hati ya wito haikuonekana. Nao husikilizwa. Hatusemi mwenye udhuru wa kweli asisikilizwe. Twasema mizani iwe moja.

Sheria nayo yasema hivyo. Tangu kesi ya Shah na Mbogo ya 1967, iliyofika Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1968, mahakama za Kenya zimeshika kanuni hii: hakimu aweza kufuta hukumu ya upande mmoja ili kuepusha dhuluma itokanayo na ajali, kupitiwa au kosa lisamehekalo, lakini si kumsaidia mtu aliyekusudia kuichelewesha haki. Katiba ya 2010, kifungu cha 159, yaamuru haki itolewe bila kushikilia mno utaratibu. Maneno hayo hayakuandikwa kwa ajili ya matajiri peke yao.

Lakini tusijidanganye. Adui mwingine ni kukaa kitako. Twawajua wenzetu wasemao, "Nimemwachia wakili." Kidole si cha wakili! Mahakama hutaka kujua mambo haya: kwa nini hukuja, umechelewa kiasi gani, na dai lako lina uzito gani. Aendaye wiki hii na karatasi ya hospitali mkononi ana jibu. Aendaye mwaka ujao atajibu nini?

Wengine hukosea mlango. Sheria ya fidia ya 2007, tuiitayo WIBA, yaanzia kwa Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini, si mahakamani. Na Mahakama ya Juu iliunga mkono sheria hiyo tarehe 3 Desemba 2019. Basi shikeni hesabu hii. Dai lipelekwe ndani ya miezi 12 tangu ajali. Usiporidhika na uamuzi wa Mkurugenzi, una siku 60 za kupinga kwa maandishi. Yeye ana siku 14 za kujibu. Jibu likikuumiza, una siku 30 za kukata rufani katika Mahakama ya Kazi. Siku hizo zikipita kimya, tajiri hacheki kwa bahati. Anacheka kwa sababu tumemwachia.

Kwa hiyo twadai kwamba wito umfikie mwenye jeraha mwenyewe, wala usiishie mezani kwa wakili. Twadai aliyekuwa kitandani asihesabiwe mtoro. Na kwa upande wetu, kila mwanachama aliyeumia alete karatasi zake chamani siku ile ile, na siku ya kesi asiende peke yake. Mwenzake mmoja wa kazini amsindikize, ili jina likiitwa, liitikiwe.

Kiti chetu kisionekane kitupu tena.

Umoja ni nguvu.